Wakili wa Benigna

Zahoro aliacha kupiga taipu, akainua kichwa. "Dada, unasoma wapi haya yote?"

Benigna hakuwa na karatasi mkononi. Saa nzima alikuwa amesimama kwenye kibaraza cha Zahoro, pale Hamugembe, mjini Bukoba, akimtamkia maombi ya kupeleka mahakamani, kifungu baada ya kifungu, bila kujikwaa. Baba yake, mzee Mwijage, alimtazama kwa hofu.

"Tata, usiwe na wasiwasi," alimwambia baba yake. "Nayakumbuka."

Wasiwasi angeuacha vipi? Mwaka na miezi miwili ilikuwa imepita tangu chuo kimwambie binti yake kuwa ameanguka somo moja la sheria. Aliomba mtihani wake usahihishwe upya. Chuo kilimjibu mara tatu, barua ile ile: "Suala lako linashughulikiwa." Juni hiyo ya 1975 ikiisha bila jibu, jina lake linafutwa chuoni. Kijijini kwao Buganguzi watu walikwisha kumhukumu: kaanguka, sasa anasingizia wakubwa. Mwijage aliacha hata kwenda kwenye mikutano ya kijiji.

Mahakama iliagiza karatasi ya mtihani iletwe Bukoba ndani ya bahasha yenye lakiri. Aliyeileta, na kukisemea chuo, ni Mwalimu Ayubu, yule yule aliyeisahihisha. Siku ya shauri, zikiwa zimebaki siku tatu Juni iishe, alisimama mbele ya jaji akiwa ameshika maombi ya Benigna kwa vidole viwili.

"Mheshimiwa Jaji, dada huyu anasema hana wakili. Si kweli. Maombi haya hayana kosa hata moja. Yameandikwa na wakili mzoefu, tena hodari. Ningekuwa nasahihisha, ningempa tisini kwa mia. Mwanafunzi aliyeanguka hawezi kuandika hivi! Ameidanganya mahakama. Naomba shauri lifutwe."

Watu walinong'ona. Mwijage aliinamisha kichwa kwa aibu, maana hata yeye alianza kujiuliza.

Jaji alivua miwani. "Ndugu Benigna, nani alikuandikia? Ukinidanganya, nalifuta shauri sasa hivi."

"Niliandika mwenyewe, Mheshimiwa. Naomba bahasha ifunguliwe."

"Hakuna haja," alidakia Ayubu.

Jaji alivunja lakiri. Alisoma swali la kwanza kwa sauti: "Ofisi ya umma imekwepa kujibu ombi la mwananchi kwa zaidi ya mwaka. Mwandikie maombi ya mahakamani ya kuilazimisha ijibu."

Kisha akafunua jibu, akaliweka kando ya maombi ya Benigna. Alisoma taratibu, kidole kimoja huku, kingine huku, mstari kwa mstari. Majina na tarehe tu ndivyo vilivyotofautiana.

Alirudi kwenye jalada, akatazama alama ya swali hilo iliyoandikwa kwa wino mwekundu.

"Mwalimu Ayubu," alisema, "huyu wakili wako hodari, mbona ulimpa kumi na tisa?"