Ngozi Mbichi

Wizara ilipofuta masomo ya ufundi, chuo cha mji ule kilifungwa. Mwalimu Sikudhani, aliyekuwa akifundisha vijana kugeuza ngozi kuwa viatu na mikoba, akakosa darasa. Alihangaika mpaka akachoka, kisha akaenda kuomba kibarua kwenye ghala la ngozi za kupelekwa ng'ambo. Msimamizi aliyempokea alikuwa Lugendo, mwanafunzi wake wa zamani.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba. Lugendo, na wewe uko huku? Si ulikuwa unashona viatu vizuri kuliko wenzako wote?"

"Nishone kwa ngozi ipi, Mwalimu? Kiwanda cha ngozi hapa mjini kimekosa mafundi, kimefungwa. Wanunuzi wanataka mbichi tu. Wanasema wa kuitengeneza wanao kwao, wamewasomesha."

Akamletea mabuti ya kazi. Yalikuwa ya ngozi, yametoka ng'ambo. Sikudhani aliyapapasa mshono, akayavaa.

Kazi yenyewe ilikuwa kunyunyiza chumvi, kukunja na kufunga. Alitandaza ngozi ya kwanza mezani, na mkono wake ukateleza wenyewe hadi sehemu ya mgongo wa ng'ombe.

"Hapa ndipo penye unene," alisema kwa sauti. "Soli nzuri hukatwa hapa."

Lugendo akasimama wima, mikono nyuma, kama zamani darasani. Vibarua wengine nao wakaacha kazi, wakasogea wamsikilize.

Nje, lori lililokuja kuchukua ngozi likapiga honi. Sikudhani alibaki amewatazama, chumvi ikimdondoka vidoleni.