Saini ya Zdenka

Kwa miaka sita Zdenka Vrbová, mwigizaji wa Kicheki aliyepigwa marufuku na serikali ya kikomunisti kuigiza kwenye filamu, alikuwa akiosha chupa kiwandani. Sasa, ofisini kwake, afisa wa usalama wa taifa alimsogezea barua na kalamu. Barua ilimshutumu Otakar, mwongozaji aliyemfundisha kazi, kuwa ni msaliti wa taifa.

"Tia saini, bibie, na Jumatatu urudi mbele ya kamera."

 Alikuwa na miaka arobaini na miwili. Nafasi kama hii asingeipata tena. Alishika kalamu, kisha akairudisha mezani.

"Siwezi."

 Afisa aliinua simu, akasema neno moja tu: "Njooni." Zdenka akaenda mlangoni, akashika kitasa, na hapo akasikia viatu vya askari vikipanda ngazi.