Ukurasa wa Malkia Mgonjwa

Wangeci alipasua boksi kwa kisu cha jikoni, akavitoa vitabu saba vya marehemu mamake, bado vikinuka wino.

Mamake alikuwa msomi wa lugha. Alibuni nchi ambazo hazipo na kuipa kila nchi lugha yake. Sasa kazi zake zote zilikuwa zimekusanywa, na aliyezichapa kwa kompyuta kutoka kwenye madaftari, hapo nyumbani Ngoingwa, ni Wangeci mwenyewe.

Zote isipokuwa ukurasa mmoja, ule wa malkia mgonjwa aliyemwita bintiye hadi sauti ikamkauka, na binti yuko chumba cha pili, macho wazi, asiinuke. Huo Wangeci aliutia kwenye jiko la makaa akiwa peke yake, mwaka mmoja kabla ya kujifungua binti yake wa pili.

"Maitu, usichafue," alimwambia sasa mtoto huyo. Alikuwa amepewa jina la nyanyake, kama desturi inavyotaka, ndiyo maana Wangeci alimwita Maitu, yaani mama.

Mtoto wa miaka mitatu, hata herufi moja hajui. Alikivuta kitabu cha saba, akalamba kidole gumba, akafunua taratibu vile nyanyake alivyozoea. Katikati akasita. Akapitisha kidole kwenye mshono wa karatasi, juu na chini, kama anayepapasa kidonda.

Kisha akainua macho.

"Wangeci," akaita kwa upole, "mbona ulichoma ile ingine?"