Kigoda cha Mzee Ukutani

"Bibi, leo nakutegea mimi. Chumba kina giza, kina tundu moja, na uani kote kumeingia ndani. Ni nini?"

Nilishindwa. Mjukuu wangu Gwantwa akacheka, akanifungia kwenye stoo ya kahawa, akatoboa mlango kwa msumari.

"Sinema ilianzia hapa, mke mwenzangu! Tazama ukutani, mimi napita nje."

Kweli, mwanga ulipenya tunduni ukauleta ua wetu ukutani, ila umepinduka: mibuni kichwa chini, kuku miguu juu, na Gwantwa vilevile.

Kigoda cha marehemu mume wangu tulikipindua pale uani siku ya mazishi, asikikalie mtu. Ukutani kilisimama sawasawa. Naye alikuwa amekikalia, kichwa juu, na kofia yake ya sufu.

Nilitaka kumtazama kidogo tu. Nikausogelea ukuta.

"Bibi, nikiinue kigoda cha babu?" Gwantwa aliuliza.

Mzee alisogea, akamwachia nafasi, kama zamani alipokuwa akimwita "mke wangu mdogo".

"Usikiguse!" nikapaza sauti.

Ukutani, kuku walikuwa bado miguu juu. Gwantwa alikuwa amesimama wima, kichwa juu kama babu yake.