Kopo la Shanga

Bibi Mwanamvua alikuwa haoni tena, lakini kidole chake kilikuwa hakidanganyiki. Kila mwezi ukiandama alimwita mjukuu wake, Raya, akapenyeza kidole kati ya utunda wake wa shanga na ngozi ya kiuno. Uzi ukimbana mtoto, alichota shanga kwenye kopo la maziwa akaurefusha. Ndivyo mabinti wa nyumba ile walivyokuzwa.

"Umekaza!" Bibi alicheka. "Mwezi huu umekula, mke mwenzangu."

"Nimekula, Bibi."

Alikunywa, hakula. Kata nne za maji zilikuwa tumboni, na tumbo kalisukuma mbele. Tangu wenzake shuleni wamwite Pipa, chakula chake kilikuwa kinaliwa na paka, na paka kanenepa mpaka ukuta unamshinda kuruka. Kila utunda ulipolegea, Raya aliupunguza shanga mwenyewe, akaufunga upya umbane. Kuzitupa aliogopa, shanga za kiunoni hazitupwi ovyo. Akawa anazirudisha zilikotoka.

"Haya, lete kopo nikuongezee."

Bibi akalipokea, mkono ukashuka kwa uzito. Akalitikisa. Kicheko kikakatika.

"Raya. Kopo hili mwaka jana lilikuwa linakwisha."

Bibi akanyoosha mkono, na safari hii haukwenda kwenye uzi. Ulianzia ubavu wa chini, ukapanda taratibu, ukisimama kwenye kila mfupa, na humo tumboni maji yakasikika yakicheza.