Hodi ya Mwinyi Nyati

Barazani alikuwapo Mwinyi Nyati, aliyerithi mbuga na kiti cha baraza kutoka kwa babaye. Alikuwapo Ngiri, mwenye kishamba na kishimo cha maji bondeni. Na alikuwapo Kanga, mpiga mbiu. Mwinyi Nyati alipitisha sheria: asiingie yeyote katika ardhi ya mwenziwe bila kupiga hodi, wala mwenyeji asimkaribishe mgeni kabla ya hodi.

“Na wewe je, Mwinyi?” Ngiri aliuliza.

“Mimi nipige hodi kwa nani? Kwenye hicho kishimo chako?”

Baraza likacheka.

Kiangazi kilipokuja, mto wa Mwinyi ulikauka, maji yakabaki katika kishimo cha Ngiri tu. Mwinyi Nyati alishuka bondeni akiwa hoi kwa kiu, akasimama mpakani. Sheria ilikuwa yake, akaona haya kuivunja. Na neno lenyewe hakuwahi kulitamka tangu azaliwe.

“Sema tu, Mwinyi,” Ngiri alimsihi. “Karibu yangu iko mdomoni.”

“Anza wewe.”

“Umenikataza, Mwinyi.”

Mwinyi Nyati akafungua kinywa. Akamwona Kanga anatazama, akakifunga.

Jioni Kanga alipiga mbiu: Mwinyi Nyati, mwana wa Mwinyi Nyati, mwenye mbuga, amefariki dunia.