Hotuba ya Wachukuzi

Taa nyekundu ya kamera iliwaka, na Babu akaanza hotuba yake ya ujanani ya kuwatetea wachukuzi wa bandari ya Unguja. Sauti ilikuwa kavu, kama anayesoma bei za tende.

Zakariya, mjukuu wake aliyekuwa nyuma ya kamera, aliumia moyo. Hotuba ile haikuandikwa popote. Ilibaki kifuani mwa mzee huyu, na leo ilikuwa inafia hapa Ibra, Omani, mbele ya macho yake.

"Muongo huyo! Shuka!" Bibi alipiga kelele kutoka jikoni, mikono imejaa unga.

Babu aligeuka kwa ghadhabu. "Nani anayenishusha?"

"Mie! Mie yule yule niliyekuzomea bandarini!"

Kidole cha Babu kilipanda. "Enyi wenye mabega yaliyochubuka!" akanguruma, akasimama, kofia ikatoka nje ya picha.

Zakariya hakumwambia akae. Aliinyanyua kamera.